Askofu Cassian Spiss: Msalaba Katika Njia ya Boma

Kila tarehe 14 Agosti, mkesha wa Sherehe ya Kupalizwa Mbinguni Bikira Maria, Mama Kanisa humkumbuka Mtakatifu Maximilian Maria Kolbe, padre aliyefariki dunia mwaka 1941 katika kambi ya mateso ya Auschwitz baada ya kujitolea kufa badala ya baba wa familia. Sisi waamini wa Kusini mwa Tanzania tunayo sababu nyingine ya kuinamisha vichwa siku hiyo. Miaka 36 kabla ya kifo cha Padre Kolbe, Jumatatu tarehe 14 Agosti 1905, Askofu Cassian Spiss wa Shirika la Wabenediktini aliuawa Mikukuyumbu, karibu na Liwale, pamoja na mabruda Gabriel Sonntag na Andreas Scholzen, na masista Felicitas Hiltner na Cordula Ebert. Alikuwa na umri wa miaka 39.

Jina lake linafahamika katika parokia zetu nyingi, lakini maisha yake hayasimuliwi sana. Pengine ni kwa sababu simulizi lenyewe lina ugumu ndani yake. Askofu huyu aliuawa na watu waliokuwa wakiupigania uhuru wao, watu ambao Taifa letu linawaheshimu kama mashujaa, na ambao ni babu na bibi wa wengi tunaokutana nao kila Dominika mezani pa Bwana. Je, tunaweza kumlilia mchungaji huyu bila kuwalaani waliomuua? Na je, tunaweza kuwaheshimu mashujaa wa Maji Maji bila kuifuta damu ya masista wawili iliyomwagika porini? Tunaamini kwamba yote mawili yanawezekana, mradi tuisimulie habari yote.

Boma la Mikindani na mpaka wa dola

Anayeingia Mikindani akitokea Mtwara mjini huliona boma jeupe likiwa juu ya kilima, likiutazama mji wa kale na ghuba yake iliyotulia. Wajerumani walilijenga mwaka 1895. Chini yake zimesambaa nyumba za mawe ya matumbawe, baadhi zikiwa magofu ambayo mizizi imepasua kuta zake. Boma lenyewe lilikarabatiwa mwishoni mwa karne ya ishirini, na leo ni hoteli.

Mikindani ilikuwapo muda mrefu kabla ya boma. Ilikuwa bandari ya wafanyabiashara wa Bahari ya Hindi, na kutoka hapo, mwaka 1866, David Livingstone aliingia bara kwa safari yake ya mwisho, akifuata bonde la mto Ruvuma. Boma lilipojengwa, mji uliokuwa ukitazama bahari ulianza kutazamwa kutoka kilimani. Dola mpya ilikuwa imefika kwenye mpaka wake. Ng'ambo ya Ruvuma walikuwapo Wareno, na mwaka 1894 Wajerumani walikuwa wamekwisha kuvuka mdomo wa mto na kuitwaa Kionga. Katika uwanda wa juu wa Makonde, Machemba, mtawala wa Wayao wa huko, aliwagomea kwa miaka mingi. Aliandika barua kwa Kiswahili kukataa kuwainamia, na mwishowe, mwaka 1899, akavuka kwenda upande wa Wareno badala ya kutii.

Waamini wanaosoma Matendo ya Mitume wanalijua jambo hili kwa sura nyingine. Dola ya Kirumi nayo ilijenga ngome katika mipaka yake, kutoka Uingereza hadi mto Eufrate. Nje ya kuta za ngome hizo kulizuka vijiji vya wachuuzi, mafundi, na wanawake na watoto wa askari. Huko Dura-Europos, katika nchi inayoitwa leo Syria, wachimbuaji wa mambo ya kale walikuta karibu na ukuta wa mji wa jeshi nyumba ya kawaida iliyogeuzwa kuwa mahali pa ibada ya Wakristo katika karne ya tatu. Imo miongoni mwa nyumba za ibada za Kikristo za kale kabisa zilizopata kufukuliwa. Injili ilipita katika barabara za dola, ikakaa jirani na ngome, lakini haikuwa mali ya ngome.

Watawala wa Ujerumani walizienzi mno ngome hizo za Kirumi. Kuanzia mwaka 1897, Kaisari Wilhelm wa Pili aliifadhili kazi ya kuijenga upya ngome ya Saalburg, karibu na Frankfurt, juu ya magofu yake ya kale. Katika miaka hiyohiyo maofisa wake walikuwa wakisimamisha na kuimarisha maboma katika ardhi yetu: Lindi, Mikindani, Kilwa, Liwale, Songea. Aliyeiheshimu Roma ya kale alijitazama kama mrithi wake. Wananchi waliotozwa kodi chini ya maboma hayo hawakuulizwa walionaje urithi huo.

Mtoto wa milimani

Katika mwezi Juni wa mwaka uleule wa 1866, miezi michache baada ya Livingstone kuondoka Mikindani, huko St. Jakob am Arlberg, katika milima ya Tirol nchini Austria, alizaliwa mtoto aliyekuja kuitwa Cassian katika maisha ya kitawa. Alijiunga na Wabenediktini Wamisionari wa Mtakatifu Otilia, shirika changa lililoanzishwa na Padre Andreas Amrhein kwa nia ya kuunganisha maisha ya sala ya wamonaki na kazi ya kuieneza Injili.

Shirika hilo lilijua tangu mwanzo kwamba Afrika Mashariki haikuwa mahali pa kutafuta raha. Wamisionari wake wa kwanza walifungua misheni ya Pugu mwaka 1888. Januari 1889, wakati wa vita vya Abushiri, misheni hiyo ilivamiwa, na miongoni mwa waliouawa walikuwamo mabruda wawili na sista mmoja. Kijana wa Tirol aliyeomba kuingia katika familia hiyo katika miaka iliyofuata hakuwa mgeni wa habari hizo, na hata hivyo alikuja.

Alipofika, alijitwika kazi ambayo kila mmisionari wa kweli huanza nayo, yaani kusikiliza. Padre Cassian alikuwa na kipaji cha lugha. Alikusanya maneno ya Kihehe, na baadaye akaandika juu ya Kingoni na Kisutu, lugha ya wenyeji walioishi chini ya utawala wa Wangoni. Kazi zake zilichapishwa Berlin, na wataalamu wa lugha za Kibantu wamezitumia tangu wakati huo. Tukumbuke kwamba kuandika lugha ya watu katika siku hizo kulihitaji kukaa nao chini, kuuliza, kukosea na kusahihishwa, hata na watoto.

Mwaka 1898 alianzisha misheni ya Peramiho, katika nchi ya Wangoni. Kutoka mwanzo huo mdogo ilikuja kukua abasia ambayo hospitali yake, shule zake, karakana zake na kiwanda chake cha uchapaji vimewahudumia Watanzania wa vizazi vingi. Wengi wetu tumejifunza Katekisimu kwa vitabu vilivyopigwa chapa Peramiho, bila kufahamu ni nani aliyekata mti wa kwanza pale.

Askofu wa nchi isiyo na barabara

Mwaka 1902 eneo lote lililokabidhiwa Wabenediktini lilipandishwa hadhi na kuwa Vikarieti ya Kitume ya Dar es Salaam, na Padre Cassian akateuliwa kuwa Askofu wake wa kwanza. Mwaka huohuo Kanisa la Mtakatifu Yosefu, lililoanza kujengwa mwaka 1897 mkabala na bandari ya Dar es Salaam, lilikamilika. Angeweza kukaa pale, penye upepo wa bahari na habari za meli.

Kundi lake, hata hivyo, lilikuwa limetawanyika kuanzia pwani ya Dar es Salaam hadi mto Ruvuma, na kutoka Bahari ya Hindi hadi karibu na Ziwa Nyasa. Ndani yake zilikuwamo Lukuledi, iliyoanzishwa mwaka 1895, na Nyangao, iliyoanzishwa mwaka 1896, vituo ambavyo ndivyo wazazi wa imani kwa sisi wa Mtwara na Lindi. Hapakuwa na reli upande huu. Askofu aliyetaka kuwaona watoto wake alipaswa kupanda chombo hadi bandari ya Kusini, kisha kutembea kwa miguu majuma kadhaa pamoja na wapagazi, kwa njia zilezile ambazo miaka michache tu nyuma zilipitisha misafara ya pembe za ndovu na ya watumwa waliofungwa minyororo.

Hapa ndipo penye jambo linalotudai ukweli. Njia zile zilikuwa pia njia za boma. Mzungu aliyepita na mizigo yake, awe padre au afisa, alionekana kwa mbali kuwa ni yuleyule. Wamisionari walihitaji ulinzi na kibali cha serikali, na walizungumza lugha moja na maofisa. Baadhi yao, kwa ari isiyo na busara, waliyakanyaga mambo ambayo wenyeji waliyahesabu kuwa matakatifu. Kibanda cha matambiko cha Nkosi Mputa Gama wa Wangoni kilichomwa moto na wamisionari wa Peramiho, na jeraha hilo halikusahaulika. Tunayataja haya bila nia ya kuwahukumu marehemu. Kanisa linalosoma historia yake kwa unyenyekevu halipaswi kuruka ukurasa huo.

Mwaka wa Maji

Katika miaka hiyo nira ilizidi kuwa nzito. Kulikuwa na kodi ya nyumba iliyopaswa kulipwa kwa fedha ambazo watu hawakuwa nazo. Kulikuwa na maakida na askari waliotumia kiboko. Kuanzia mwaka 1902 serikali iliagiza mashamba ya pamoja ya pamba, na wanavijiji wakashurutishwa kuyalima, kwa siku 28 kwa mwaka, huku mashamba yao ya chakula yakingoja. Malipo waliyoyapata yalikuwa ya kuwadhihaki.

Huko Ngarambe, karibu na mto Rufiji, Kinjeketile Ngwale alianza kuwagawia watu maji yaliyoaminiwa kuwa na nguvu ya kuwakinga na risasi. Maji hayo yaliwaunganisha watu wa makabila ambayo hayakuwa na mazoea ya kupigana bega kwa bega. Mwishoni mwa Julai 1905, huko Nandete katika nchi ya Wamatumbi, watu waling'oa pamba, na vita vikaanza. Tarehe 4 Agosti Kinjeketile alinyongwa Mohoro, lakini moto ulikuwa umekwisha kusambaa.

Ni katika siku hizo Askofu Spiss alikuwa safarini. Alitoka Dar es Salaam kwa njia ya bahari hadi Kilwa, ili kutoka hapo aende Peramiho kwa miguu kupitia Liwale. Pamoja naye walikuwapo mabruda wawili na masista wawili waliokuwa wakienda kuanza utume wao huko bara. Habari za machafuko zilikuwa zimefika pwani. Msafara ukaendelea. Mbele yao lilikuwapo boma la Liwale, kituo cha mwisho cha serikali kabla ya mapori marefu ya kuelekea Ungoni. Huenda msafiri yeyote wa wakati ule angeona kwamba akifika Liwale amefika salama.

Hawakufika. Mikukuyumbu walizingirwa na wapiganaji, na wote watano wakauawa pale. Waliowaua hawakuwa na namna ya kujua kwamba mmoja wao alikuwa ametumia miaka akijifunza lugha za wenyeji, wala kwamba masista wale hawakuwahi kumtoza mtu kodi. Waliona msafara wa Wazungu katika njia ya boma. Siku zilezile za katikati ya Agosti boma la Liwale nalo lilishambuliwa, likachomwa moto na kuanguka.

Kabla ya mwezi huo kwisha vita vilifika kwetu. Misheni za Lukuledi na Nyangao ziliteketezwa, na misheni ya ndugu zetu Waanglikana huko Masasi ikavamiwa. Sista Walburga Diepolder aliuawa tarehe 28 Agosti, Nyangao ilipovamiwa. Septemba, Peramiho ikachomwa, na Padre Franziskus Leuthner akauawa. Kazi ambayo Askofu Cassian aliianzisha kwa mikono yake ilikuwa majivu, na vituo vitatu vikubwa vya vikarieti yake havikuwa tena na paa.

Baada ya moshi

Kisasi cha serikali kilikuwa cha kutisha. Majeshi ya kikoloni yalichoma vijiji, yakaharibu akiba za nafaka na kuiacha njaa imalize kilichobaki. Idadi ya waliokufa haikuhesabiwa. Makadirio ya wanahistoria huanzia watu 75,000 na kufika hata 300,000, wengi wao wakiwa wamekufa kwa njaa na maradhi yaliyofuata. Nchi iliyokuwa na vijiji ikawa pori.

Tarehe 27 Februari 1906, huko Songea, viongozi wa Wangoni zaidi ya 60 walinyongwa, Nkosi Mputa akiwa miongoni mwao. Kabla ya kunyongwa, Padre Johannes Häfliger aliruhusiwa kuwaingilia, na wengi wao wakaomba na kupokea ubatizo. Tendo hili linaweza kusomwa kwa namna nyingi, na hatutaki kulipamba. Kanisa lililomwagiwa damu liliwapa waliohukumiwa kile lilichokuwa nacho, lakini halikuwa na uwezo, wala halikuwa na sauti ya kutosha, ya kuizuia kamba. Hata hivyo, kwa Sakramenti ile, Nkosi ambaye misheni yake ilichomwa kibanda chake cha wahenga, na Askofu ambaye misheni yake ilichomwa na watu wa Nkosi, walifanywa ndugu mbele ya Mungu ndani ya miezi sita na nusu.

Wabenediktini walirudi. Mwaka 1906 walianzisha misheni ya Ndanda, chini ya uwanda wa Makonde. Kutoka Ndanda imani ilichipuka upya. Mwaka 1931 ikawa Abasia yenye mamlaka ya jimbo, na mwaka 1972 likazaliwa Jimbo la Mtwara, chini ya Askofu mzalendo. Lukuledi na Nyangao zilijengwa tena. Liwale haikuwa tena ngome ya dola ile, ambayo yenyewe ilitoweka katika vita kuu vya kwanza vya dunia. Hata Kionga ilichukuliwa na Wareno mwaka 1916.

Tunachopaswa kukishika

Wapendwa waamini, maisha ya Askofu Cassian yanatuwekea mbele mambo matatu.

Kwanza, yanatufundisha kuwaombea wote waliokufa mwaka ule bila kuwagawa. Katika Misa ya tarehe 14 Agosti tumtaje Askofu na wenzake wanne. Katika Misa hiyohiyo tuwataje waliokufa kwa risasi Mahenge, waliokufa kwa njaa Umatumbini na walionyongwa Songea. Msalabani Bwana wetu aliwaombea msamaha askari waliompigilia misumari. Hakungoja kwanza kuchunguza ni nani aliyetumwa na nani aliyetaka mwenyewe.

Pili, yanatuonya tusilifanye Kanisa kuwa boma. Mapadre, makatekista na viongozi wa Jumuiya Ndogondogo za Kikristo tujiulize: mtu maskini anayekuja ofisi ya parokia anakutana na mlango wa baba au na lango la akida? Tunaposhika daftari la michango, je, mjane asiye na kitu anaogopa kuja kuomba Sakramenti au mazishi ya Kikristo? Boma huwajua watu kwa kile wanachodaiwa. Mchungaji huwajua kwa majina na kwa lugha yao. Askofu Cassian alikuwa ameanza kuifanya kazi hiyo ya pili, naye akauawa kwa sababu ya mambo yaliyofanywa na hiyo ya kwanza. Tukichanganya tena mambo haya mawili, tutakuwa hatujajifunza chochote kutokana na kifo chake.

Tatu, yanatuita tuifundishe historia yetu. Wanafunzi wa Mtwara huletwa kulitazama boma la Mikindani, nao hufanya vema. Walimu wa dini na makatekista wawaeleze pia kwamba katika miaka ileile kulikuwa na kanisa dogo Lukuledi, na ya kwamba lilichomwa na kujengwa upya. Wenye uwezo wa kufunga safari waende Mikukuyumbu wakasali. Waende wakiwa na wenyeji wa Liwale, wakawasikilize wazee wa huko wakieleza walivyosimuliwa na wazazi wao, kwa maana kumbukumbu ya upande mmoja haitoshi kwa watu wanaokula Mkate mmoja.

Tumwombe Mungu awapumzishe kwa amani Askofu Cassian, mabruda Gabriel na Andreas, masista Felicitas na Cordula, pamoja na wote waliokufa katika vita vya Maji Maji. Naye Bikira Maria, aliyepalizwa mbinguni, ambaye mkesha wa sherehe yake ulikuwa siku yao ya mwisho duniani, atuombee sisi tunaoishi katika ardhi waliyolala.